Wakuu, kuna mtu anakula kwa kazi ya VFX hapa Dar?

kijana_wa_segerea

Habari za jioni wakuu. Nina miaka 23, nakaa Segerea kwa mjomba. Diploma ya IT nimemaliza mwaka jana na mpaka leo nazungusha bahasha tu. Tangu sekondari napenda mambo ya VFX, yaani zile picha za kwenye filamu ambazo mbele ya kamera hazikuwepo: ghorofa linaporomoka, mtu anapaa, simba anaingia sebuleni. Blender, ile programu ya kutengenezea picha za 3D, nimejifunza kidogo kwenye kompyuta za chuo. Kuna klipu nimetengeneza ya chombo cha anga kinatua Ubungo juu ya lile daraja la Kijazi, washkaji wameisambaza WhatsApp mpaka ikanirudia kwa mtu nisiyemjua.

Sasa mjomba kapata mafao yake na kaahidi kunipa milioni tatu. Yeye anataka nifungue steshenari karibu na kituo. Mimi nataka kompyuta. Juzi tukiwa tunakula kaniuliza, "Nitajie mtu mmoja tu hapa Dar anayekula kwa hiyo kazi." Nikabaki nachezea mchuzi.

Naomba wanaojua wanisaidie. Huyo mtu mmoja yupo? Nianzie wapi, na milioni tatu inatosha?

Kibatari

Dogo, fungua steshenari. Kila siku ya Mungu watu wanatoa kopi za vyeti. Sijawahi kuona foleni ya watu wanasubiri chombo cha anga.

mtoto_wa_ilala

Kibatari katania lakini kuna ukweli. Muvi zetu nyingi zinapigwa siku chache, nyumba moja, sofa moja, damu ni juisi ya rosela. Hela ya VFX itatoka fungu gani? Mimi nimewahi kushika taa kwenye muvi mbili, chakula chenyewe tulikuwa tunagombania.

DadaMfutaji

Mdogo wangu wa Segerea, mwambie mjomba huyo mtu mmoja kapatikana. Yuko Sinza, ana miaka 38 na watoto wawili, na kodi ya nyumba inalipwa kwa kazi hiyo tangu 2016. Sijasema nimetajirika. Nimesema kodi inalipwa.

Ila kabla hujapanda daladala ya Kariakoo na hizo milioni, ngoja nikushushe kwenye hicho chombo cha anga. Miaka yote hii nimelipwa kulipua vitu mara nne. Mara nne! Na mojawapo ulikuwa mtungi wa gesi kwenye tangazo la usalama jikoni. Hela yangu imetoka kwenye kufuta. Nafuta nguzo za umeme. Nafuta maiki iliyoning'inia juu ya kichwa cha msanii analia msibani. Nafuta nembo ya chupa ya maji kwa sababu mdhamini anauza maji mengine. Nafuta kivuli cha mpiga picha ukutani. Kuna siku nilifuta mbuzi. Ndiyo maana humu najiita hivi.

Nilianza na kuhariri video za harusi pale Kinondoni, kichenpati, sendofu, mnyororo wote. Mwaka 2014 akaja bwana harusi na mke wake, mke kanuna. Kwenye shoti ya kula kiapo kanisani, nyuma yao, kasimama mchumba wa zamani wa yule bwana. Kavaa nyeupe, katulia, anaonekana kuliko maharusi wenyewe. Mke akaniuliza swali moja tu: "Anatoka?" Nikasema anatoka, na moyoni sijui kama anatoka. Siku tatu nilikaa na lile dada. Nilitafuta sekunde ambayo alikuwa hajafika, nikachukua kipande cha ukuta wa kanisa, nikakibandika juu yake fremu baada ya fremu, yaani zile picha mojamoja zinazounda video. Video zetu zinakwenda fremu 25 kwa sekunde, na shoti ilikuwa sekunde 11, sasa piga hesabu mwenyewe: 275. Kwenye fremu kama arobaini hivi bibi harusi anageuka na shela inampita mgongoni yule dada, hapo ndipo nilipolia. Nililipwa elfu sitini. Lakini nilipowaonyesha, yule mke alicheka mpaka akakaa chini, na mimi nikajua kazi nitakayofanya.

Nikuambie na ya Ilala. Ilikuwa filamu fupi ya mambo ya uhuru, mtaa wa Desemba 1961, na mtaa wenyewe umepigwa 2019. Juu ya mabati kuna madishi, ukutani viyoyozi, nguzo ina bango la vocha, na bajaji inakatiza mwisho wa barabara. Vyote vikatoka. Zikabaki antena mbili za fito. Dairekta akaniambia hizo ziache dada, ni za kizamani, zinapendezesha. Nikamwambia kaka yangu, 1961 huku bara televisheni hakuna. Zanzibar wenyewe walianza miaka ya sabini, na sisi tumeiona ITV 1994. Hiyo antena inamsubiri nani kwa miaka 33? Zikatoka. Programu haikunifundisha hilo. Ukikaa kwenye hii kazi utakuta nusu ya siku unatazama tu: jua limetoka upande gani, weusi wa kwenye kona ni mweusi kweli au ni wa kibluu, picha ina chengachenga kiasi gani. Ukibandika kitu kisafi kwenye picha yenye chengachenga, hata bibi yako kijijini atajua kuna uongo hapo, ingawa hawezi kukuambia uko wapi.

Sasa kijani, kile kitambaa kinachowekwa nyuma ya msanii ili baadaye pabandikwe picha nyingine, maana najua ndicho mnachokipenda vijana. Kwanza ujue kwa nini kijani. Kamera ya kidijitali ina vijicho vidogo vingi sana, na katika kila vinne, viwili vinaona kijani, kimoja chekundu, kimoja bluu. Kwa hiyo habari za kijani zinaingia nyingi na safi kuliko za rangi nyingine. Na ngozi ya binadamu, awe mweusi awe mweupe, haina kijani kile. Ndiyo maana kompyuta inaweza kuambiwa toa kijani chote, mtu akabaki.

Mtu, na si kila alichovaa. Waliniita Mbezi Beach nikakuta picha zimeshapigwa. Kitambaa wamenunua satini, kinang'aa kama shela, kina mikunjo, na taa zimekipiga upande mmoja tu. Mbele yake mama mtu mzima, msanii mzuri sana, kakaa ndani ya ngalawa, anatakiwa awe katikati ya bahari. Kajifunga kanga. Na maandishi ya kanga, mdogo wangu, ni ya kijani. Nilipotoa kijani, maandishi yote yakawa matundu. Jina la kanga unalisoma kwa mawimbi. Bahari inapita tumboni mwa mama wa watu, herufi kwa herufi! Nilicheka peke yangu usiku ule, halafu nikakumbuka ni mimi wa kulitengeneza. Ikabidi nimchore umbo lake kwa mkono, mstari unaomzunguka, kila fremu. Hiyo ndiyo roto. Wiki nzima kwa shoti ya sekunde tisa, na dawa yake ilikuwa mtu mmoja aseme, "Mama, tunaomba ubadilishe kanga."

Tangu hapo nadai nilipwe siku moja ya kuwepo lokesheni. Waongozaji wananung'unika mpaka niwape hesabu ya wiki ile. Nakwenda na daftari: lenzi ya milimita ngapi, kamera iko juu kiasi gani toka chini, jua liko wapi na saa ngapi. Na kabla watu hawajaingia kwenye picha naomba sekunde kumi za lokesheni tupu, bila mtu. Hizo sekunde kumi zimenilipia ada ya shule ya mtoto, usinicheke.

Mashine. Milioni tatu inatosha kuanza, ila usiimalize yote. Chukua kompyuta ya mezani iliyotumika, usichukue laptopu, kwa joto la hapa laptopu inapumua kama mgonjwa. RAM gigabaiti 32, kadi ya picha ya NVIDIA hata ya zamani kidogo, diski mbili ili kila kazi ikae sehemu mbili. Usidharau diski. Fremu moja ya HD kwenye faili za EXR zisizobanwa, aina ya faili za picha tunazotumia kwenye VFX, ni kama megabaiti 12. Sekunde tano ni fremu 125, hiyo ni gigabaiti moja na nusu, na hujaweka tabaka la pili, yaani picha nyingine ya kubandika juu yake. Halafu nunua UPS, ile betri inayoshikilia kompyuta umeme ukikatika. Na ukirenda, yaani kompyuta ikikutolea kazi iliyokamilika, renda picha mojamoja, usirende video nzima. Umeme ukikatika kwenye fremu ya 87, ukirudi unaanzia hiyohiyo ya 87. Mimi hili nilijifunza saa tisa usiku, tangazo linatakiwa saa mbili asubuhi, video yangu imefika asilimia tisini, taa ikazima. Asilimia tisini ya video ni sifuri, haifunguki.

Programu usinunue sasa. Blender bure. DaVinci Resolve ina toleo la bure na ndani yake kuna Fusion, hapo utajifunza kuunganisha tabaka. Nuke, ambayo ndiyo wanayoitumia studio kubwa za nje kwa kazi hiyo, ina leseni ya bure ya kujifunzia. Zitakutosha miaka miwili.

Na hela. mtoto_wa_ilala yuko sahihi, muvi zetu si mahali pa kuitafuta. Kwangu matangazo ya biashara yanaongoza, video za muziki zinafuata, halafu tamthilia, na mara mojamoja roto za watu wa nje wanaolipa kidogo ila wanalipa siku waliyosema. Chukua nusu kabla hujafungua kompyuta. Kazi mtumie yenye jina lako limepita katikati ya picha mpaka nusu ya pili iingie. Marekebisho mara tatu, ya nne analipia. Nakuambia haya kwa sababu 2018 prodyuza mmoja alichukua shoti 22 akaniahidi tamthilia ikinunuliwa nami nitapata changu. Ilinunuliwa. Nilijua nikiwa saluni Mwenge nasukwa, nikainua macho kwenye TV nikaona anga langu.

Samahani kwa urefu. Umeniuliza kitu ambacho huwa hakuna anayeniuliza.

Kibatari

Dada, mimi nimekuja kutania nimebaki kusoma. Huyo mchumba wa zamani alijua amefutwa?

DadaMfutaji

Kibatari, Dar hii. Alijua kabla video haijatoka. Alinipigia kuniuliza ni shilingi ngapi kumrudisha.

mjuzi_nusu

Hadithi tamu lakini msimdanganye mtoto wa watu. Siku hizi akili mnemba inafuta mtu kwa kubonyeza mara moja, hata simu inafuta. Na huko kwa wakubwa hali si shwari pia. Februari 2013 kampuni ya Marekani, Rhythm & Hues, iliomba ulinzi wa mahakama kwa kufilisika, na mwezi huohuo ikachukua Oscar ya VFX kwa filamu ya Life of Pi. Yule simbamarara ni wao. Kama bingwa wa dunia anafilisika na tuzo mkononi, wa Segerea atapona?

DadaMfutaji

Uko sahihi nusu, kama jina lako.

Habari ya 2013 ni kweli na inauma. Kazi ile wanapewa kwa bei moja iliyofungwa mapema, mwongozaji anabadilisha mawazo, hasara inabaki kwa mafundi. Ni sababu ileile ya marekebisho mara tatu niliyomwambia mdogo wangu, tofauti ni idadi ya sifuri kwenye hela tu. Lakini hiyo Oscar ya VFX, mwaka 2024 imekwenda kwa Wajapani wa filamu ya Godzilla Minus One. Shoti 610, mafundi 35. Na aliyeongoza filamu ndiye huyohuyo aliyesimamia VFX. Hakuna kutumiana barua pepe wiki nzima kuuliza moshi uende kushoto au kulia. Mimi hilo ndilo ninalolitazama kuliko studio za watu elfu.

Akili mnemba naitumia kila siku, sijifichi. Tena kukata mtu kwa msaada wa mashine si jambo la jana, programu ya After Effects walileta brashi yao ya roto 2010 na watu wakasema tumekwisha. Mtu wa suti mbele ya ukuta mweupe inamkata vizuri kunishinda. Nipe msichana mwenye afro mbele ya majani ya mnazi, Coco Beach, upepo wa jioni. Ukingo wa nywele unachemka kama uji. Rasta ndiyo kabisa, nusu ya rasta inabaki na mtu, nusu inabaki na mnazi. Ninachookoa saa tatu nakitumia saa mbili kusafisha. Imebaki saa moja, siikatai.

Na simu inafuta kwenye picha iliyosimama. Jaribu ufute mtu anayetembea mbele ya uzio, kamera nayo inatembea, uone uzio utakavyocheza mduara.

mjuzi_nusu

Hapo kwenye afro umenishika. Naondoka kimya kimya.

kijana_wa_segerea

Dada shikamoo. Nimemsomea mjomba jibu lako lote kwa sauti. Kwenye kanga alicheka mpaka akakohoa, akaniambia rudia. Halafu akanyamaza, akasema, "Lakini huyo dada alianza na harusi. Wewe harusi yako ni ipi?" Nimekosa jibu tena.

Kibatari

Jibu ninalo mimi. Steshenari! Mashine hiyohiyo, mchana inachapa barua za wajumbe, usiku inarenda. Nilisema toka mwanzo, mkanidharau.

DadaMfutaji

Marahaba mdogo wangu. Mjomba wako namheshimu, ana jicho. Kibatari naye leo kaamka vizuri, ingawa mchana wateja na usiku kurenda sijui kijana atalala lini. Mimi niliishi hivyo na harusi miaka miwili, nilikonda.

Usimjibu mjomba kwa maneno. Azima simu yenye kamera nzuri, iweke kwenye stendi au hata juu ya tofali, isitikisike. Nenda kituoni kwenu asubuhi saa mbili jua likiwa limelala. Fremu 25 kwa sekunde, shata (muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila fremu) 1/50 ya sekunde, ukiacha shata ijiamulie yenyewe taa zitakuwa zinapepesa. Sekunde tano tu. Chagua nguzo moja ya umeme, itoe, pamoja na nyaya zake. Watu wapite mbele yake, usisubiri barabara iwe tupu, ikiwa tupu umejirahisishia. Tumia kompyuta ya rafiki. Bila chombo cha anga tafadhali! Weka hapa, nitaitazama kama ninavyotazama kazi ya mteja.

mtoto_wa_ilala

Nami nafuatilia. Dada, siku ukihitaji mtu wa kushika taa na kukagua rangi za kanga, nipo.

kijana_wa_segerea

Wakuu nimerudi, siku tisa zimepita. Nimeshindwa mara tatu, ya nne hii hapa nimeambatanisha. Kituo chetu, saa mbili na robo. Kuna mama wa maandazi, bodaboda mbili, na mwanafunzi anapita mbele ya nguzo, yeye nimemchora fremu 57 kwa mkono. Begi lake ndilo limenitesa, lina kamba zinazoning'inia. Nimemwonyesha mjomba bila kumwambia nimefanya nini. Kaangalia mara mbili akasema, "Hapa si kituoni kwetu? Mbona kama pamepungua kitu?" Bado hajataja hela. Ila jana kaniuliza UPS ni shilingi ngapi.

DadaMfutaji

Nimeitazama mara sita. Begi umelikata vizuri, kamba ya kushoto inapotea kidogo fremu ya 61, irudie. Nyaya zimetoka safi kuliko nilivyotegemea, na mawingu nyuma yake hayajaacha kovu.

Nguzo imetoka. Kivuli chake bado kimelala barabarani, kinapanda kwenye bodaboda ya pili na kumpita mama wa maandazi begani. Kuanzia fremu ya kwanza mpaka ya mwisho. Nasubiri.